Komiseri Aliyefunga Ziwa

Kaka yangu Norbert Wilondja alikuwa afisa wa majini asiyejua kuogelea. Nalisema mapema ili mtu asije kuniambia nimemficha. Tulizaliwa tumbo moja hapa Baraka, katika nyumba ambayo ziwa likichafuka unalisikia ukiwa kitandani, na bado maji yakimpita magoti Norbert alianza kutafuta mtu wa kumshika. Baba alimpeleka Kalemie akiwa kijana akajifunze kazi ya serikali: kuandikisha boti, kukagua mizigo, kujua nani anavuka na kwa nini. Alirudi na kofia nyeupe yenye nanga, filimbi ya shaba, na boti ndogo ya serikali yenye injini nyuma. Boti ilikufa upesi, mshahara ukaifuata. Kofia na filimbi vikabaki, na watu wakaendelea kumwita Komiseri kwa sababu aliipenda kazi ile kuliko wale waliokuwa wakilipwa. Asubuhi alikuwa ufukoni kabla wavuvi hawajamaliza kupakua ndagala, dagaa wetu wa ziwani. Injini ya serikali aliifungua, na vichuma vyake vidogo akavihifadhi ndani ya mkebe wa maziwa juu ya kabati ya sebuleni. Mkewe, Dorothée, alivipangusa vumbi kila Jumamosi pamoja na vyombo vya wageni.

Sasa wivu. Ukoo wetu una wivu, sikatai. Bibi mzaa baba yetu aliwahi kumfukuza mbuzi wa jirani kwa sababu babu alikuwa akimsifu sana. Mimi Marthe mwenyewe ninao wa kunitosha. Lakini Norbert aliufanya wivu kuwa kazi ya pili. Hakuwa mlevi, hakupiga mke, hakuwa na nyumba ndogo. Aliangalia tu. Dorothée akicheka sokoni, alitaka kujua kilichomchekesha. Akinyamaza, alitaka kujua anamfikiria nani. Na kama alikuwa hacheki wala hanyamazi, basi Norbert alikuja kwangu kuniuliza kama sioni kwamba wifi yangu amebadilika.

Na mtu wa kumwogopa alikuwapo. Fabien Asukulu alitoka Ubwari, rasi iliyo ng'ambo ya ghuba yetu, kijiji kimoja na Dorothée. Kabla kaka yangu hajatokea, wazee wa Fabien walikuwa wamekwisha kupeleka pombe ya kubisha hodi kwa baba yake Dorothée, na ilikuwa imepokelewa. Ndipo Norbert akafika kule kwa ukaguzi, boti ya serikali ikiwa bado hai, akamkuta msichana anaanika ndagala mchangani, akasahau alichokuja kukagua. Baba mkwe aliitazama kofia, akaitazama nanga, na pombe ya Fabien ikarudishwa kwao. Fabien hakugomba. Alioa mwingine, akafiwa mapema, akabaki na boti yake ya abiria, iliyokuwa kubwa kuliko zote zilizofika Baraka. Kila walipokutana alimwamkia kaka yangu kwa adabu, na adabu ile ndiyo iliyomchoma Norbert zaidi. Angetukanwa angelala usingizi. Mtu aliyempata mke kwa kofia anajua kwamba kofia huvuliwa.

Mwaka wa tisini na sita, mvua za kwanza zilipoanza, vita ikaingia Uvira. Tulisikia kwanza kwa wapita njia, halafu tukawaona wenyewe wanakuja kwa miguu kupitia Makobola na Nundu, magodoro kichwani na watoto mgongoni. Askari waliokuwa wakikimbia nao walianza kunyang'anya boti za watu ili wateremke kusini. Mkuu wa kambi ya jeshi akaamuru kwamba jua likizama injini yoyote isiweze kuwaka bila ruhusa, na namna ya kulifanya hilo akamwachia Komiseri.

Hapo nampa Norbert haki yake. Mwingine angebebesha watu injini nzima mabegani hadi kambini, na huko zisingerudi. Yeye alichukua buji tu, vile vichuma vidogo vinavyotoa cheche ndani ya injini. Injini bila buji ni jiwe. Kila jioni alipita boti kwa boti, wenyewe wakazifungua na kumkabidhi, akazibeba ndani ya kofia yake hadi nyumbani. Asubuhi wenye boti walikuja kuzichukua. Kwa hiyo kazi yote ya majini ya Baraka ikahamia sebuleni kwa wifi yangu.

Dorothée ndiye aliyeona tatizo. Buji zinafanana, na hakuna mwenye boti anayekubali buji ya mwenzake. Akachana vitambaa, akafunga za kila mtu katika kitambaa chake, akazitundika kwenye kamba ukutani: huyu kipande cha suruali kuukuu, huyu shuka, huyu mfuko wa unga. Asubuhi alizigawa mwenyewe, maana saa hiyo Norbert alikuwa bado anakunywa chai, kofia iko kichwani. Waliokuja wakambandika jina la Mama Buji. Wakamtania pia, kwa kuwa watu wa ziwani hawajui kupita bila utani. "Mama Buji, unipatie roho yangu," walisema, naye aliwapa buji pamoja na jibu lao.

Kaka yangu aliinywa chai ile bila kujua kama ina sukari.

Siku moja alinifuata sokoni nilipokuwa nauza mawese, akakaa juu ya bidoni tupu la mafuta, akavuta kofia hadi kwenye nyusi. Nilijua kuna jambo, kwa sababu Norbert hakuwa mtu wa kukaa juu ya bidoni mbele za watu.

"Marthe," akasema, "buji za bote ziko mu matambara. Za Fabien ziko mu kitenge ya bibi yangu."

Kitenge chenyewe nilikijua. Kilikuwa cha kijani na ndege wa njano, Norbert alimnunulia Dorothée kwa ubatizo wa binti yao Divine, na tangu siku hiyo hakuna mwanamke wa mtaa wetu ambaye hakukionea kijicho. Nilimwambia amwulize mwenye kitenge. Akaniambia kwamba mwanamume akiuliza, mwanamke anajua amekwisha kuonekana, na anaanza kuficha vizuri zaidi. Bora kuangalia. Nikamwambia anayeangalia sana huona hata yasiyokuwapo. Akainuka, akapangusa mafuta kwenye suruali, akaenda zake ufukoni.

Tangu hapo Fabien hakupumua. Boti yake ilikaguliwa ya mwisho na kwa muda mrefu kuliko zote. Aliambiwa ashushe magunia ya mihogo, ayapandishe tena, ayashushe. Alitumwa Nundu kwa shughuli za serikali ambazo akifika kule hakuna aliyezijua. Na kila jioni, Norbert aliponyoosha kofia, Fabien aliweka buji zake ndani polepole, akasema asante Komiseri. Kaka yangu alirudi nyumbani akiwa amekasirika kuliko alivyotoka.

Halafu habari zikaja kwamba mama yake Dorothée ni mgonjwa Ubwari. Dorothée akaomba aende akamwone. Boti iliyofika kijiji kile ilikuwa ya Fabien peke yake. Norbert akamwambia ziwa lina vita. Dorothée akamwambia barabara nayo ina vita, na watu wanatembea. Kesho yake kaka yangu akasimama ufukoni, akapiga filimbi, akatangaza kwamba kwa ajili ya usalama hakuna mwanamke atakayepanda boti bila mume wake kando yake.

Mkuu wa kambi hakuwa ameamuru hilo. Vita haikuwa imelitaka. Bamama wa samaki wakamzunguka wakipiga makofi ya dhihaka, na mjane mmoja, Georgette, akamwuliza kama yeye aje na kaburi. Norbert alisimama pale na nanga yake kipajini, uso kama mlango uliofungwa. Mimi mawese yangu yalikuwa yanasubiriwa Ubwari, na mume wangu wakati huo alikuwa Lubumbashi na hakuwa na haraka ya kurudi. Bidoni zangu zikabaki juani. Nikasema moyoni kwamba sasa imetosha. Mtu awe na wivu nyumbani kwake, lakini asilifunge ziwa la wote kwa sababu ya kitambaa.

Nilimkuta Dorothée uani anatwanga sombe, majani ya mihogo. Nikamweleza yote, kitenge, Fabien, bidoni. Kwanza alicheka hadi mchi ukamponyoka. Halafu kicheko kikakatika. Akaingia ndani, akanitolea kile kitenge cha ndege. Kilikuwa na tundu la ukubwa wa sahani katikati. Kaa la mbabula, jiko lake la makaa, lilikuwa limerukia juu yake, naye akakata sehemu iliyobaki nzima vipande: kimoja kikawa kiraka cha gauni la Divine, kimoja cha kushikia sufuria ya bukari, ugali wetu, na kimoja kikamwangukia Fabien kwa sababu siku ile ya kwanza alifika wa mwisho kutoka Ubwari na matambara yalikuwa yamekwisha.

"Kila magharibi namuletea bukari, nashika nyungu na kitenge ile ile," akasema. "Hii haione. Anaona ya Fabien tu."

Akainama akaokota mchi. Niliona anaumia. Akaniambia, bila kunitazama, kwamba kama alimtaka Fabien hangengoja vita imsaidie.

Jioni ile buji zilipoletwa alifanya jambo alilodhani ni la amani. Za Fabien alizifunga katika mfuko wa unga uliokuwa wa Papa Raphaël, na za Papa Raphaël akazifunga katika ndege wa njano. Papa Raphaël alikuwa shemasi wa kanisa, mzee asiye na meno, mwenye boti ndogo na injini ndogo na sauti ndogo. Dorothée alitaka mumewe aamke, aone kitenge kinakwenda mfukoni mwa mzee yule, acheke, na ziwa lifunguliwe. Hakumwambia neno. Yeye naye alikuwa na kiburi chake, akaona si kazi yake kueleza kosa ambalo hakulifanya.

Na jioni ile ile, Dorothée akiwa uani anasonga bukari, Norbert alikuwa peke yake sebuleni. Haya alinieleza mwenyewe baadaye, ndiyo maana nayajua. Alipanda juu ya kiti, akateremsha mkebe wa maziwa, akatoa buji mbili za ile boti ya serikali iliyokufa. Zilikuwa na ufa. Injini ikiwa baridi zinawasha vizuri, hata fundi hashuku. Injini ikipata moto zinazima, na haziwaki tena. Akafungua kitambaa cha ndege, akatoa zilizokuwamo akazitia mfukoni mwake, akaweka za ufa, akafunga fundo kama alivyolikuta. Alitaka Fabien azimikiwe katikati ya ghuba mbele ya abiria, apige kasia hadi jasho limwingie machoni, na Dorothée asikie habari zake sokoni. Makasia yapo, alijiambia, hakuna atakayekufa. Akala bukari yake akashiba. Dorothée aliniambia kwamba usiku ule mumewe alikuwa mpole kuliko siku zote, na alidhani ni kwa sababu amekiona kitenge mahali pake papya.

Asubuhi milio ya bunduki ilitoka upande wa Nundu kabla chai haijachemka. Askari mmoja akaja mbio kumwita Komiseri, na Norbert akatoka na kofia na filimbi bila viatu. Wenye boti wakajaa mlangoni. Hakukuwa na utani siku hiyo. Dorothée aligawa buji haraka kama mtu anayegawa dawa: mfuko wa unga kwa Fabien, shuka kwa huyu, suruali kwa yule. Papa Raphaël alipopewa ndege wa njano aliwatazama, akatabasamu kwa fizi zake, akawatia mfukoni mwa shati. Dorothée akamshika Divine mkono, nami nikawa nyuma yao na furushi. Bidoni zangu za mawese niliziacha nyumbani kwangu, na mpaka leo nazikumbuka.

Ufukoni watu walikuwa wanasukumana hadi ndani ya maji. Na hapo, nasema kweli, sikuwahi kumwona kaka yangu akiwa afisa kama siku ile. Alisimama juu ya sanduku la samaki akapiga filimbi, akapanga watu: wenye watoto wachanga kwanza, wazee, wagonjwa, wanaume baadaye. Ile amri ya wanawake na waume wao hakuifuta kwa tangazo, aliiacha ife. Georgette mjane alipita mbele yake bila kaburi lolote na Norbert akamsaidia kupanda. Watu walimtii mtu yule mfupi asiye na viatu, na boti zikaanza kutoka moja baada ya nyingine bila kuzama.

Zamu yetu ikafika. Boti ya Fabien ilikuwa hapo, ndefu, nafasi bado ipo. Ya Papa Raphaël ilikuwa kando yake, ndogo, karibu kujaa.

"Papa Divine," Dorothée akamwambia mume wake, "boti ya Fabien iko kubwa, na inaenda kwetu kwa mama."

"Kwa Fabien hapana. Mutaenda na Papa Raphaël."

"Bantu banakimbia kufa, na we unachagua boti?"

"Mi njo Komiseri," akasema kaka yangu, yaani ndiye mwenye amri.

Akambeba Divine mwenyewe, akaingia majini hadi magotini, na kwa mtu kama yeye hilo lilikuwa jambo, akamketisha kwa Papa Raphaël. Akamshika Dorothée mkono akampandisha. Mimi nilipanda peke yangu. Injini ikawaka mara ya kwanza, safi kabisa, na tukatoka.

Yaliyotokea pwani nayajua kutoka kwa Norbert. Fabien alitoka nyuma yetu kidogo, boti imejaa hadi ukingoni. Ndipo kaka yangu akatia mkono mfukoni kutafuta leso na vidole vyake vikagusa buji. Kwa ajili ya vurugu za asubuhi alikuwa amezisahau. Akaitazama boti ya Fabien, akawaona bamama na watoto waliojaa ndani, akawakumbuka wale aliowapandisha kwa mikono yake. Akapiga filimbi kumrudisha. Fabien akageuka, akadhani anaagwa, akapunga mkono, akaenda. Norbert akabaki amesimama anaisikiliza injini ya Fabien, anangoja izime. Wivu ulikuwa umemtoka wote, aliniambia, alikuwa anamwomba Mungu injini ya Fabien iwake mpaka Ubwari.

Ikawaka. Iliyozima ni yetu.

Ilikohoa, ikakohoa tena, ikanyamaza. Papa Raphaël alivuta kamba tena na tena. Kasia lilikuwa moja tu, jingine lilikuwa limechukuliwa katika msukumano. Upepo ulikuwa unatoka Ubwari, ukaanza kuturudisha kule tulikotoka. Wakati huo askari waliokimbia walikuwa wamefika ufukoni, na hawakuona boti yoyote karibu isipokuwa yetu. Wakaanza kutuita. Halafu wakaanza kupiga risasi majini mbele yetu ili turudi. Divine alijificha chini ya furushi langu. Nilimwona kaka yangu ameingia ziwani hadi kifuani, yeye asiyejua kuogelea, amenyoosha mkono juu na kitu kidogo ndani yake ambacho sikukijua. Halafu akageuka akaenda kwa wale askari, akapiga filimbi, akawaamuru waache. Mmoja akampiga kitako cha bunduki mdomoni. Akaanguka, akainuka, akapiga filimbi tena. Alipigwa mpaka filimbi ikampotea, na kwa muda ule wote hakuna aliyetulenga sisi.

Papa Raphaël alikuwa amefungua buji, inamchoma vidole, akaigeuza geuza kwenye mwanga.

"Hii haiko yangu," akasema.

Dorothée akaichukua. Hakuhitaji kuitazama mara mbili. Alikuwa ameipangusa vumbi kila Jumamosi tangu alipoolewa, na ule ufa aliujua kama anavyojua makovu ya magoti ya mtoto wake. Nilimwona anautazama ufa, halafu anaitazama pwani, halafu kitambaa cha ndege kilichochungulia katika mfuko wa shati la mzee. Nami nikaelewa pamoja naye. Alikiomba kitambaa, akaifunga buji ndani yake, akakitia katika fundo la kitenge alichojifunga juu ya gauni.

Fabien alirudi. Ningekuwa na boti iliyojaa namna ile sijui kama ningerudi, nasema kweli mbele ya Mungu. Aliizungusha, akaja ubavuni petu, akatupa kamba, akawahamisha watoto na wanawake kwenye boti yake ili yetu iwe nyepesi kuvutwa. Alimchukua Divine, akamchukua Dorothée, akanichukua mimi. Boti zilikuwa zinapigana ubavu na hapakuwa na muda wa kuchagua pa kushika. Kutoka pwani, akiwa amekaa mchangani na damu mdomoni, kaka yangu aliona gauni jekundu la mke wake linapanda mikononi mwa Fabien Asukulu. Aliniambia alishukuru. Aliniambia pia kwamba akiwa anashukuru alihisi meno yaliyobaki yanasagana.

Tulifika Ubwari, tukamchukua mama yake Dorothée na kikohozi chake, na baada ya siku chache Fabien akatuvusha hadi Kigoma. Kutoka hapo tukapelekwa kambini Nyarugusu, tukapewa hema. Norbert alikuja wiki nyingi baadaye. Alikuwa amezunguka kwa milima hadi Ubwari, akajificha kwa ndugu za mke wake, na ilipofika siku ya kuvuka, boti ilikuwa moja tu na mwenyewe ni yule yule. Akapanda, akaketi karibu na injini. Katikati ya ziwa akatoa buji mbili mfukoni, akamwambia Fabien kwamba ni zake, alimchukulia kwa ubaya, amsamehe. Fabien akazitazama, akasema si zake, ni za Papa Raphaël. Hapo ndipo kaka yangu alipojua kwa hakika kwamba boti aliyoizima kwa mkono wake ni ile ya mkewe. Fabien hakuuliza zaidi. Alimwambia ashike ukingo vizuri, mawimbi yapo.

Dorothée alimpokea kama mke anavyompokea mume aliyetoka vitani. Alimpa maji ya kuoga, akasonga bukari, akaiweka mbele yake. Kando ya sahani akaweka kifundo cha ndege wa njano.

"Buji yako, Papa Divine," akasema.

Alikifungua polepole, ingawa alijua kilichomo. Akavua kofia, akapiga magoti kwenye udongo wa hema, akalia mbele ya mama mkwe wake bila kujificha, akaomba msamaha kwa mkewe, kwa bintiye, kwangu. Dorothée alimwacha alie. Halafu akamwambia ale, bukari inapoa. Kifundo akakitundika kwenye nguzo ya hema, mahali ambapo mtu aliyelala anakiona akifungua macho, na kikakaa hapo miaka yote ya kambini. Tuliporudi Baraka vita ilipokwisha, alikipachika ukutani, kwenye msumari ule ule wa ile kamba. Norbert alifanya kazi ya ufuko tena mpaka nguvu zikamwishia, bila filimbi, na mwaka juzi tulipomzika Fabien alikuwa mmoja wa waliobeba jeneza. Nayasema haya ili maisha yake yawe kamili. Lakini nikimkumbuka kaka yangu namkumbuka jioni ile ile ya kwanza kambini, baada ya machozi.

Tulikuwa tumekaa nje ya hema, yeye na mimi. Alikuwa amekula, amesamehewa, macho yamevimba. Nilidhani anatafuta maneno ya kunishukuru. Akasogea karibu, akashusha sauti.

"Marthe, ile siku, Fabien akimupandisha mu boti yake. Alimushika mukono ao kiuno?"

Nilitaka kumtukana. Nikafungua kinywa nimdanganye kwamba ni mkono, ili sote tulale.

Sauti ya Dorothée ikatoka ndani ya hema, tulivu, kama ya mtu anayeendelea na kazi.

"Kiuno, Papa Divine. Na mikono mbili. Kama hakunishika, leo ungekuwa unaulizia nani?"

Kaka yangu alivaa kofia yake, akaivua, akaiweka juu ya goti. Ndani tulimsikia Dorothée anakusanya sahani.